Je, sisi ni "watu wa asili"? Kuhusu uwanda, bahari na mamlaka ya wazee wa mji

"Assalaam alaykum, mwalimu. Naandika kutoka kijiji kimoja cha pwani ya mashariki ya Unguja. Tangu zamani mji wetu una watu wanne, wazee wanaosimamia mambo ya mizimu, uwanda (ardhi ya pamoja ya mji), kuanza kwa kilimo cha maweni (ardhi ya mawe) na hata siku ya kufungua bahari ya pweza. Mwaka jana walikuja watu na vyombo vya kupimia, wakapiga vigingi katika uwanda tunaokata kuni na ukindu. Sheha, kiongozi wa serikali wa eneo letu, anasema ardhi yote ni ya Serikali na kwamba watu wanne ni mila tu. Kijana wetu mmoja anayesoma chuoni ametuletea Azimio la Umoja wa Mataifa kuhusu Haki za Watu wa Asili. Anasema Tanzania ililipigia kura ya ndiyo mwaka 2007, na kwa hivyo sisi wenyeji halisi wa kisiwa tuna haki ya kujitawala katika mambo yetu na kuukataa mradi. Wengine wanaogopa tutaitwa wachochezi. Sasa tumeitwa kikaoni na tumeambiwa kutakuwa na kutia saini. Je, azimio hilo linatuhusu? Tufanye nini, na tutie saini au tusitie?"

Waalaykumu ssalaam, ndugu yangu. Katika barua yako mna maswali matatu yaliyofungwa kitita kimoja, na nadhani ndiyo sababu kila anayewajibu anawajibu nusu. La kwanza ni la jina: nyinyi ni nani mbele ya sheria? La pili ni la mamlaka: nani ana kauli ya mwisho juu ya uwanda na bahari ya mji? La tatu ni la ardhi yenyewe: huo uwanda, kwa maandishi, ni wa nani? Kijana wenu amelijibu la kwanza akadhani amejibu yote, na sheha amelijibu la tatu akadhani hakuna lililobaki. Mimi nitaanza na jina, kwa kuwa ndilo mliloniuliza, lakini naomba mnivumilie hadi nifike kwenye ardhi, kwani hapo ndipo mnapoweza kupoteza kitu kisichorudi.

Azimio analolisema kijana wenu ni la kweli. Baraza Kuu la Umoja wa Mataifa lililipitisha tarehe 13 Septemba 2007 kwa kura 144 za ndiyo, nne za hapana na 11 za kutochukua upande, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa waliosema ndiyo. Waliopinga walikuwa Marekani, Kanada, Australia na New Zealand, na wote wanne baadaye walibadilisha msimamo. Kifungu cha 4 kinataja haki ya kujiendeshea mambo ya ndani na ya mahali, na kifungu cha 32 kinataka serikali itafute ridhaa ya jamii, iliyotolewa kwa hiari, mapema na kwa taarifa kamili, kabla ya kuidhinisha mradi unaogusa ardhi yao. Hayo yote yameandikwa. Ila azimio si mkataba. Halitiwi saini na nchi, haliridhiwi na Bunge wala na Baraza la Wawakilishi, na hakimu wa Mwanakwerekwe au wa Chake Chake hawezi kulifungua akatoa hukumu kwa kifungu chake peke yake. Mkataba wenye nguvu ya kufunga ni ule wa Shirika la Kazi Duniani, namba 169 wa mwaka 1989, nao Tanzania haijauridhia. Barani Afrika kote ni Jamhuri ya Afrika ya Kati tu iliyofanya hivyo. Tena kifungu cha 46 cha Azimio hilohilo kinasema wazi kwamba hakuna neno lolote ndani yake linaloruhusu kuvunja umoja wa nchi. Mwambieni kijana asome hadi ukurasa wa mwisho. Vijana wengi huishia pale maneno yanapopendeza.

Kisha lipo suala la nani anaitwa mtu wa asili. Azimio halitoi tafsiri. Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, yenye makao yake Banjul, imeweka vigezo vyake: jamii ijitambue yenyewe kuwa hivyo, iwe na mfungamano wa pekee na ardhi yake ambao uhai na utamaduni wake unautegemea, na iwe imetengwa au kudhulumiwa kwa sababu namna yake ya kuishi ni tofauti na ya walio wengi. Kwa vigezo hivyo, Tanzania Bara hutajwa Wahadzabe, Waakie, Wamasai na Wabarabaigi, yaani wawindaji na wafugaji. Serikali ya Muungano nayo kwa miaka mingi imeshikilia kwamba Watanzania wote wenye asili ya Afrika ni watu wa asili, na kwa hivyo hakuna kundi la kupewa jina hilo peke yake. Unaweza kukubaliana na msimamo huo au usikubaliane, lakini ndio utakaokutana nao mlangoni.

Je, Wahadimu, Watumbatu na Wapemba, yaani jamii za kale za visiwa hivi, wanaweza kujenga hoja? Nitakuambia ninavyoamini, nikijua kwamba baadhi ya wenzangu watanisuta. Hoja inaweza kujengwa. Mlikuwa na utawala wenu kabla ya Masultani wa Busaidi kuja: Mwinyi Mkuu akikaa Dunga, masheha wake vijijini, na huku chini watu wanne wa kila mji pamoja na mvyale, ambaye bila ya ruhusa yake hakuna aliyefyeka msitu. Mwinyi Mkuu Muhammad bin Ahmad alifariki mwaka 1865, na cheo chenyewe kikazimika alipokufa mwanawe mwaka 1873. Waingereza wakawachukua masheha wakawaweka chini ya mudiri, yaani ofisa wa serikali, na tangu hapo sheha akawa mtu wa kuletwa na dola, hali akiwa mwanzo mtu wa kutoka mjini kwenda kwa mkubwa. Hiyo ni historia ya jamii kunyang'anywa kauli yake hatua kwa hatua, na haina tofauti kubwa na zile zinazosimuliwa kwengineko duniani.

Pamoja na hayo, sikushaurini mlishike jina hilo kama silaha yenu ya kwanza, na sababu yangu kubwa haiko Banjul wala New York. Iko hapa kwetu. Visiwa hivi vimeshaonja siasa ya kuulizana nani mwenyewe na nani wa kuja. Waliokuwa hai baina ya mwaka 1957 na 1964 wanakumbuka maduka yaliyosusiwa, mashamba ambayo wachumaji walifukuzwa, na jirani aliyekataa kumzika jirani. Na kilichofuata Januari 1964 hamna haja ya kusimuliwa. Ukoo gani pwani ya mashariki usio na bibi aliyetoka Hadhramaut, au babu aliyekuja kuchuma karafuu kutoka bara, au mkwe wa Pemba? Ukisimama kikaoni ukasema "sisi ndio wenyeji halisi", umempa kila anayekupinga nafasi ya kuacha kuzungumzia uwanda akaanza kuzungumzia damu, na mazungumzo ya damu hapa kwetu hayana mshindi. Hata neno lenyewe "mwenyeji" katika Kiswahili chetu ni mtu anayempokea mgeni, na kila mmoja wetu ni mwenyeji mahali fulani na mgeni mahali pengine.

Hofu ya kuitwa wachochezi nayo haikutoka hewani. Mwaka 2008 wazee kadhaa wa Pemba walipeleka waraka katika ofisi ya Umoja wa Mataifa Dar es Salaam wakitaka Pemba iwe na utawala wake, na baadhi yao walikamatwa na polisi kabla ya kuachiwa. Madai yao na yenu ni vitu viwili mbalimbali kabisa: wao walizungumzia kisiwa na dola, nyinyi mnazungumzia kuni, ukindu na pweza. Lakini neno "kujitawala" linasikika vilevile masikioni mwa mkuu wa wilaya, na huku mjadala wa mamlaka ya Zanzibar ndani ya Muungano haujapoa, neno hilo hubeba mzigo ambao hamkuukusudia. Semeni "usimamizi wa uwanda na bahari ya shehia". Ni maneno yanayokaribiana na ya sheria zetu wenyewe, na hakuna anayekamatwa kwa kunukuu sheria.

Kijana wenu pengine atataja kesi za Kenya, na ni haki azitaje, maana ni ushindi wa kweli. Waendorois waliondolewa kando ya Ziwa Bogoria kuanzia mwaka 1973, na Tume ya Afrika ikawapa haki yao katika uamuzi ulioidhinishwa na Umoja wa Afrika mwaka 2010. Waogiek wa msitu wa Mau walishinda mbele ya Mahakama ya Afrika, iliyopo Arusha, tarehe 26 Mei 2017, na mwaka 2022 mahakama hiyohiyo ikaamuru walipwe fidia ya shilingi za Kenya 57,850,000 kwa hasara ya mali na 100,000,000 kwa machungu waliyopata. Hesabuni miaka. Mtoto aliyezaliwa siku wazee wa Bogoria walipohamishwa alikuwa mtu mzima wa miaka 37 wakati wa uamuzi, na baada ya uamuzi kazi ya kuutekeleza ndiyo kwanza ilianza. Isitoshe, mlango wa Arusha kwetu umefungwa: Tanzania iliondoa mwaka 2019 tamko lililowaruhusu watu binafsi na jumuiya kuishitaki moja kwa moja katika Mahakama ya Afrika. Mahakama imo nchini mwetu na sisi hatuwezi kubisha hodi. Umebaki mlango wa Tume ya Banjul, na huko hutakiwi kwenda kabla hujamaliza mahakama za nyumbani.

Sasa nije kwenye ardhi, na hapa naomba wazee wasikilize kwa makini, kwa sababu kauli ya sheha ina ukweli ndani yake, na ukweli wa nusu ndio unaodanganya zaidi. Baada ya Mapinduzi ardhi ilitangazwa kuwa mali ya umma, zikagaiwa eka tatu tatu kwa wakulima, na Sheria ya Umiliki wa Ardhi namba 12 ya mwaka 1992 ikathibitisha kwamba ardhi yote ya asili ya Unguja na Pemba imewekwa chini ya Rais wa Zanzibar kwa niaba ya wananchi. Hadi hapo sheha yuko sawa. Alichokiacha ni kwamba sheria hiyohiyo inatambua haki ya matumizi, na haki hiyo hurithiwa, huuzwa, hutolewa zawadi, hupewa mtu na Serikali, au huthibitishwa kwa njia ya utambuzi, yaani maafisa wanapokuja kuandika nani anatumia nini, tangu lini na mipaka yake iko wapi. Mwenye haki ya matumizi iliyothibitishwa haondolewi kwa neno la mdomo. Na sheha si mwenye ardhi ya shehia. Anateuliwa na mkuu wa mkoa. Yeye ni shahidi na msimamizi wa amani. Hana uwezo wa kumpa mtu uwanda, ijapokuwa barua yake huonekana katika kila faili la ardhi kana kwamba ndiyo hati.

Tatizo lenu haliko kwenye viambo. Nyumba zenu, minazi yenu na makonde yenye kuta za mawe yaliyopangwa vinaonekana, na anayetaka kuvichukua atalipa. Tatizo liko kwenye uwanda. Kwa mila, ardhi ya mji ilikuwa na sehemu mbili: kiambo, chenye ukoo na makaburi yake, na uwanda, ambao ni wa mji mzima na hakuna mtu mmoja anayeweza kusema ni wake. Mtu akilima mtama na mbaazi katika maweni kwa miaka miwili mitatu kisha akauacha upumzike, uwanda ulirudi kwa mji. Mpangilio huo ulikuwa wa busara, kwa sababu udongo wa juu ya mawe ni kiganja tu. Lakini mtazame kwa jicho la mpimaji aliyetoka mjini. Anaona vichaka na mawe, haoni nyumba wala mnazi, na hakuna jina katika rejista. Anaandika: ardhi tupu. Na kwa kuwa kwetu fidia huhesabiwa kwa vipando na majengo, uwanda usio na kipando hauna hata kitu cha kukadiria. Mwenye minazi mitano analipwa minazi mitano, na mji mzima uliokuwa ukipata kuni, ukindu, dawa, mawe ya chokaa na malisho ya mbuzi katika uwanda huohuo haulipwi kitu, kwa sababu hakuna aliyeupanda.

Wazee wengine hunijibu kwa Hadithi ya Mtume (s.a.w.), kwamba mwenye kuihuisha ardhi iliyokufa, basi ardhi hiyo ni yake. Mimi siibishi Hadithi, ila naona inavyogeuzwa. Kuna vijiji ambavyo vijana wamekimbilia kufyeka uwanda na kuchomeka mipapai ili ionekane imehuishwa, na matokeo yake uwanda wa mji uligeuka viwanja vya watu ishirini, na watu ishirini hao wakauza mmoja mmoja. Mwekezaji hakuhitaji kushindana na kijiji tena. Hilo msilifanye.

Huenda pia mmesikia kwamba vijiji vya Bara vina hatimiliki za kimila na kwamba mkutano mkuu wa kijiji unaweza kukataa kutoa ardhi. Ni kweli, na Wahadzabe wa bonde la Yaeda Chini walitumia njia hiyo kupata hati ya ardhi yao ya pamoja mwaka 2011. Lakini ardhi si jambo la Muungano. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inaishia Bara, haikuvuka bahari. Hapa Zanzibar hatuna kijiji kama chombo cha kisheria chenye ardhi yake; tuna shehia, wadi na halmashauri chini ya Sheria ya Serikali za Mitaa ya mwaka 2014, na hakuna hata kimoja kati ya hivyo kilichopewa uwanda. Kwa maoni yangu hili ndilo pengo kubwa katika sheria zetu za ardhi, kubwa kuliko suala la nani ni mtu wa asili. Na pengo hilo linaweza kuzibwa na Baraza la Wawakilishi bila ya mtu kuulizwa babu yake alitoka wapi.

Kwa hivyo mna nini mkononi leo? Kwa uwanda, chombo chenye nguvu zaidi nilichokiona ni mkataba wa usimamizi wa msitu wa jamii. Sheria ya misitu namba 10 ya mwaka 1996 inaruhusu kundi la wanajamii kuingia mkataba na Idara inayosimamia misitu, wakachorewa mipaka, wakaunda kamati yao, wakaweka kanuni za nani akate nini na lini, na faini kwa anayekiuka. Mradi wa HIMA (Hifadhi ya Misitu ya Asili) ulioanza mwaka 2010 ulizisaidia shehia nyingi za Unguja na Pemba kupata mikataba hiyo. Ulizeni kwanza kama shehia yenu ni miongoni mwao. Nimewahi kukaa na kamati iliyokuwa ikilia kwamba haina karatasi, na karatasi ikapatikana juu ya kabati la aliyekuwa katibu, imeliwa na mchwa pembeni lakini saini zote zipo. Mkiwa nayo, angalieni tarehe ya mapitio yake na kama ramani inaufikia uwanda wenye vigingi. Mkiwa hamna, ombeni sasa. Mkataba huu hauwapi umiliki, na Idara inaweza kuuvunja ikiona masharti hayafuatwi. Faida yake ni nyingine: siku mpimaji akifungua faili, hataandika tena "ardhi tupu". Ataandika kwamba kuna watumiaji wenye mkataba na Serikali, na wizara moja italazimika kuiuliza nyingine.

Bahari mko katika hali bora kidogo. Sheria ya Uvuvi ya mwaka 2010 imeufungua mlango wa usimamizi wa pamoja, na kamati ya wavuvi ya shehia inaweza kuweka utaratibu wa kufunga mwamba wa pweza kwa miezi kadhaa na kuufungua kwa siku inayojulikana, kama wanavyofanya Kisiwa Panza na Kizimkazi. Kinachonifurahisha ni kwamba huo ni utaratibu wa watu wanne uliovaa kanzu mpya. Pemba kuna mfano mkubwa zaidi. Katika miaka ya 1990 ulikuwapo mpango wa kumkodisha mwekezaji wa hoteli kisiwa cha Misali. Wavuvi wanaopiga dago pale, yaani kambi ya uvuvi, walisimama, wakishirikiana na watu wa uhifadhi, na mwaka 1998 kisiwa kikatangazwa kuwa eneo la hifadhi ambalo wavuvi wana sauti ndani yake. Mwaka 2005 eneo likapanuliwa kuwa Hifadhi ya Mkondo wa Pemba. Hawakusema ni watu wa asili. Walisema ni wavuvi wa Misali, wakaonesha idadi ya vijiji vinavyoitegemea, na wakakumbusha simulizi ya Nabii Khidhri aliyesali pale na kisiwa kikawa msala wake. Riziki, idadi na imani, vyote vitatu kwa pamoja, vilikuwa na uzito ambao nasaba isingekuwa nao.

Mfano huohuo wa dago una tahadhari yake, na nitakaa hapo kidogo kwa sababu wanaodai mamlaka ya mahali huisahau. Watu wa kisiwa cha Kojani, Pemba, huvua hadi Tanga na Mombasa. Mwenyeji wa dago huwapa maji, huwaonesha pa kuanika, na kwa desturi huwaonesha pia mipaka. Kama kila mji wa pwani utajitangazia bahari yake na kumfukuza asiyezaliwa hapo, Mkojani ataishi wapi? Wapo duniani waliofika mbali katika njia hiyo na wakafanikiwa: Waguna wa visiwa vya pwani ya Panama waliasi mwaka 1925, wakapata mkoa wao unaotambuliwa kisheria mwaka 1938, na hadi leo mabaraza yao huamua nani ajenge hoteli visiwani mwao, na wageni hawaruhusiwi kumiliki ardhi. Nawastahi sana. Lakini wao walikuwa na lugha moja, eneo lililojitenga, na jirani wachache waliotegemea bahari ileile. Sisi tumesongamana. Mamlaka yenu lazima yaandikwe pamoja na haki za mpita njia, la sivyo mtazuia mwekezaji mkaanzisha vita na shehia ya jirani.

Na kuhusu watu wanne wenyewe: msiwatupe, lakini msiwapeleke peke yao. Barua yako inataja kuni, ukindu na pweza, na sikuona ndani yake kwamba anayekata ukindu, anayechoma pweza kwenye maji kupwa na anayelima mwani tangu zao hilo lilipoingia pwani yetu mwaka 1989 ni mwanamke kwa sehemu kubwa. Watu wanne wote ni wanaume. Afisa yeyote mwenye akili atauliza swali hilo, na ni bora mlijibu kabla hajauliza. Wekeni kamati ambayo watu wanne wana viti vyao na wanawake wa mwani na ukindu wana vyao, na mihutasari iandikwe.

Kwa ule mradi, ulizeni jambo moja mahususi: tathmini ya athari za mazingira imefanyika? Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2015 inataka mradi mkubwa ufanyiwe tathmini na wananchi wanaoguswa washirikishwe, na mamlaka inayosimamia ni ZEMA, Mamlaka ya Usimamizi wa Mazingira Zanzibar. Kamati yenu iandike barua kuomba kuiona, na nakala ziende kwa mkuu wa wilaya, Kamisheni ya Ardhi na mwakilishi wenu wa jimbo. Barua iwe fupi, isiyo na matusi wala historia ya Mwinyi Mkuu. Ambatanisheni orodha ya matumizi ya uwanda: nyumba ngapi zinakata kuni, nani anavuna ukindu, visima viko wapi, mizimu iko wapi. Chukueni kijana wenu wa chuoni na simu yake, mzunguke naye na wazee, muweke alama za mahali. Kazi hiyo ya siku mbili ina thamani kuliko Azimio zima, na yeye ndiye anayefaa kuifanya.

Kuna hali tatu ambazo jibu langu hili halitoshi na mnahitaji mtu wa kukaa naye uso kwa uso. Ya kwanza ni mkiona greda au uzio umeanza. Hapo kila siku ina maana, na zuio la mahakama haliandikwi kwa kusoma makala. Ya pili ni mtu yeyote akipokea samansi au akiitwa polisi kwa jambo hili. Ya tatu ni mkitaka kufungua shauri katika Mahakama ya Ardhi, kwa sababu shauri dhidi ya Serikali hutanguliwa na notisi ya maandishi na lina taratibu ambazo ukizikosea unatupwa nje kabla ya kusikilizwa. Katika hali zote hizo nendeni Kituo cha Huduma za Sheria Zanzibar, ambacho kina ofisi Unguja na Pemba, au muulizieni msaidizi wa sheria wa wilaya yenu. Kazi yao inatambuliwa na sheria ya msaada wa kisheria ya mwaka 2018 na hawawatozi wasiojiweza.

Limebaki la saini. Nendeni kikaoni, wala msisusie, kwa sababu kikao kilichosusiwa huandikwa kuwa wananchi hawakuwa na pingamizi. Ikija karatasi, ulizeni kwa sauti kichwa chake ni nini, na isomwe yote mbele ya watu. Mahudhurio ni mahudhurio na ridhaa ni ridhaa. Nimewahi kuliona jedwali la mahudhurio lililobandikwa nyuma ya barua ya kukubali mradi, ambayo hakuna hata mmoja wa waliotia saini aliyewahi kuisoma. Kama ni mahudhurio, kila mmoja aandike pembeni ya jina lake kwa mkono wake: "nimehudhuria tu". Kama ni ridhaa, semeni kwa adabu kwamba mnahitaji nakala, ramani na muda wa kuipeleka kwa mwanasheria, na ombeni maneno hayo yaingie katika muhtasari. Mmoja wenu apige picha ya kila ukurasa kabla haujaondoka mezani. Afisa akikataa picha isipigwe, andikeni jina na cheo chake, saa na sababu aliyoitoa, halafu siku hiyohiyo, kabla ya magharibi, watu wanne na wanakamati watie saini zao chini ya maandishi hayo.